Kamati ya Harusi ya Tumba

KWA HESHIMA NA TAADHIMA inatangazwa kwa wakazi wa Stockholm na vitongoji vyake, na kwa Waswahili wote popote walipo juu ya uso wa dunia, kwamba Bi. Stellah na Bw. Arnaud, waasisi na wamiliki wa Sebuleni, wameazimia kufunga ndoa. Tarehe, ukumbi na rangi za sherehe zitatangazwa kwa wakati ufaao. Kamati itaundwa. Wenye vinyongo wavimeze.

Tangazo hilo lilitoka Jumatano asubuhi kwenye ukurasa wa Sebuleni, chini ya picha ya joho la nyumbani la rangi ya maziwa. Lilikuwa na kasoro moja ndogo: Bi. Stellah na Bw. Arnaud hawakuwa wachumba. Bw. Arnaud alikuwa na mchumba mwingine kabisa, jina lake Wanjugu, nesi, mkazi wa Hagsätra, na Wanjugu alikuwa na simu.

Niwatambulishe wahusika kwa lugha ya staha, kwa kuwa nimesomeshwa na masista. Stellah ni mtoto wa mama mkubwa, kwa hiyo ni dada yangu. Ana miaka ishirini na tisa na hapendi kuulizwa. Arnaud alizaliwa Bukavu, akalelewa Tumba, ni mtu mrefu, mpole, ambaye akigonga meza huiomba radhi. Kwa miaka kadhaa wawili hao wameendesha ukurasa wa kulipia, wa watu wazima, na wateja wao huamini kwamba ni wapenzi. Hawana wakala wala bosi. Wao ndio waigizaji, ndio mafundi wa taa, ndio wahasibu, na wao ndio hupiga deki. Mimi ukurasa huo sijawahi kuufungua. Nilikatazwa nikatii, jambo ambalo masista wangu wasingeliamini hata kwa kiapo.

Ajira yangu ilikuwa upande wa pili. Stellah alitaka kuachana na ukurasa wa zamani. Alitaka chapa yenye jina ambalo mtu mzima atalinunua bila kuficha simu mtu mwingine akipita. Ndipo ikazaliwa Sebuleni: majoho ya nyumbani, mishumaa, mafuta ya ngozi, na kipindi cha kila wiki ambamo yeye na Arnaud hukaa kwenye kochi wakizungumza na watu wazima wenzao kuhusu kupika chakula cha mtu mmoja, kugombana kwa adabu, na kulala chumba kimoja na mtu anayekoroma. Mimi Wangari, mwenye umri wa miaka kumi na minane, niliyetoka bweni huko Nyeri na kutua Husby kwa mama yangu nikiwa na cheti cha kidato cha nne na sanduku la bati lenye kufuli, nilipewa kazi ya kufunga vifurushi na kuandika maelezo ya Kiswahili chini ya picha.

Studio yao ilikuwa chini ya ardhi, karibu na stesheni ya Tumba, mahali palipokuwa stoo ya mazulia. Haikuwa na dirisha hata moja. Juu yake, usawa wa barabara, palikuwa na duka tupu lenye kioo kutoka sakafuni hadi darini, na Stellah alikuwa akilitamani tangu majani yalipoanza kupukutika. Mwenye jengo alikubali kumpangisha, lakini alitaka mkataba uwe na majina mawili, kwani hakuamini biashara ya mtu mmoja. Kusaini kulipangwa Jumatatu. Bila Arnaud, hakuna duka.

"Na bila duka," Stellah aliniambia tukiwa tunapanga mishumaa, "nitabaki huku chini, kwenye ukurasa ule ule, hadi mvi zitoke."

Alisema hivyo bila huzuni, kama mtu anayekusomea saa za treni.

Walikuwa na desturi yao ya kazi. Sakafuni palibandikwa mkanda mweupe. Ndani ya mkanda walikuwa wapenzi, wakiitana majina ya asali na sukari. Nje ya mkanda walikuwa wafanyakazi wenza. Hata siku za kipindi cha kochi, ambazo ndizo pekee nilizoruhusiwa kuwepo, Arnaud alizima taa, wakavuka mkanda, wakapeana mikono kama watu waliouziana ng'ombe, kila mmoja akatafuta koti lake. Wanjugu aliujua utaratibu huo kwa sababu yeye ndiye aliyeuweka. Alimkuta Arnaud tayari yumo kazini, akataja masharti, na masharti yakafuatwa.

"Taa zikizimwa ni wangu," aliwahi kunieleza alipokuja kumchukua. "Kwani karani wa benki akishinda anahesabu pesa za watu, jioni anakuja nazo nyumbani?"

 Bweni halikunifundisha hoja za namna hiyo.

Basi, tangazo likatoka. Stellah alinipigia nikiwa bado nimeshika mswaki.

"Wangari! Nani ameandika huu upuzi?"

Nilimjibu kwamba mitandao ya siku hizi haina adabu, na kwamba kurasa za watu huingiliwa kila siku. Kila neno katika sentensi hiyo ni la kweli.

"Natoa sasa hivi," alisema, akakata simu.

Hakutoa. Nilipofika Tumba nilimkuta amesimama katikati ya vifurushi, simu mkononi, na Arnaud ameketi kwenye ngazi ameshika kichwa. Majoho ya rangi ya maziwa yalikuwa yamekwisha. Ya rangi ya kahawia yalikuwa yanaelekea kwisha. Watu walikuwa wakituma pongezi kutoka Malmö, Kigoma na Minnesota, na kila mpongezaji wa tatu aliuliza bei ya mishumaa. Sebuleni haikuwahi kupata wateja bila kuwaazima kwenye ukurasa wa zamani. Siku hiyo ilipata wake yenyewe.

"Stellah, minakuomba," Arnaud alisema. "Toa ile kitu. Wanjugu ataona."

"Umwambie ni utani wa mtandao. Tuache mpaka Jumatatu. Tukisaini, natoa, naandika ilikuwa hitilafu."

"Juu ya nini mpaka Jumatatu?"

"Kwa sababu mwenye jengo anaweza kuingia kwenye ukurasa kuona kama tuna wateja, ndiyo sababu! Leo akiingia, anaona wateja. Siku zote akiingia anaona watu wangapi? Wewe na mama yako."

Arnaud alitafakari. "Mama yangu hana hata intaneti," alisema, na kwa huzuni hiyo akakubali.

Mahali pengine jambo lingeishia hapo, kwenye mioyo na maua ya kubonyezwa. Lakini tangazo lilibeba maneno mawili ya hatari: Kamati itaundwa. Mkenya wa Stockholm hawezi kuyaona maneno hayo yamekaa peke yao akapita. Atajiuliza itaundwa lini, na nani, na kwa nini yeye hakuambiwa. Mzee Solomon, dereva wa basi, ambaye ameongoza vikao vya harusi zetu, misiba yetu na safari zetu za kwenda nyumbani kabisa, aliliona tangazo wakati wa mapumziko yake ya chakula. Kabla hajarudi kwenye usukani alikuwa amefungua kundi la WhatsApp, ameweka picha ya Stellah na Arnaud kwenye kochi, amejichagua mwenyekiti, na amemteua katibu. Katibu alikuwa mama yangu.

Mama yangu, Magdalene, huhudumia wazee majumbani mwao na huimba sauti ya pili kanisani. Kazi ya Stellah aliijua kwa namna wanavyojua watu wa kanisa: alijua kila kitu na hakuwahi kuambiwa chochote. Nilipofika nyumbani nilimkuta amekaa mezani na sare ya kazi, anafuta macho kwa kitambaa cha sahani.

"Mungu ni mwaminifu," alisema. "Nimempigia mama yako mkubwa. Amepiga vigelegele mpaka majirani wakaja kuuliza."

"Mama, pengine tungesubiri wao wenyewe waseme."

"Si wamesema? Tena kwa Kiswahili kizuri. Nimewasomea wazee wangu wa Kiswidi, hawakuelewa, lakini walipiga makofi."

Nakiri kwamba niliposikia hivyo nilijisikia vizuri kuliko ilivyostahili.

Mzee Solomon aliendelea kuunda. Kulikuwa na kamati ndogo ya ukumbi, kamati ndogo ya magari, na kamati ndogo ya chakula. Kila Mkenya aliyekuwa kwenye simu yake alipewa wadhifa, apende asipende. Ndivyo ilivyotokea kwamba Wanjugu, akiwa zamuni, alipokea ujumbe huu: "Hongera dada Wanjugu! Umeteuliwa kamati ndogo ya chakula, harusi ya Stellah na Arnaud. Utashughulikia pilau."

Alikuja Tumba kesho yake, moja kwa moja kutoka kazini. Hakupiga kelele. Aliteremka ngazi, akaukanyaga mkanda mweupe bila kuutazama, akaketi kwenye kochi la wapenzi na mkoba wake magotini. Arnaud alikuwa anabadilisha balbu. Mimi nilikuwa nyuma ya maboksi, na nilibaki huko kwa sababu za kikazi.

"Nimepangiwa pilau," Wanjugu alisema.

"Chérie, ile ni mambo ya watu wa mtandao…"

"Nimepangiwa pilau kwenye harusi ya mwanaume wangu."

"Dada Wanjugu," Stellah alisema, "nisikilize. Ni mimi nimesema liachwe. Mpaka Jumatatu tu. Wewe picha zetu umezivumilia miaka yote hii, tangazo moja ndilo…"

"Picha ni kazi," Wanjugu alisema. "Kamati ni ndoa. Picha zikitoka, mtu anatazama, anafunga simu, analala. Kamati ina mwenyekiti, Stellah! Kamati ina mweka hazina! Mama yangu yuko kwenye hilo kundi. Ameniuliza huyu Arnaud si ndiye yule aliyekuja kwetu Krismasi akala ugali sahani mbili? Nimwambie nini? Nimwambie amehamia harusi nyingine?"

Arnaud alishuka kwenye ngazi yake ya kukunja. Balbu ilibaki mkononi.

"Nitawaambia wavunje," alisema.

"Wavunje wenyewe. Kikao halali, mbele yangu, iandikwe, isomwe. Nikisikia imesomwa, Jumatatu nenda ukasaini. Nisiposikia, hausaini kitu na Stellah, si duka, si kibanda cha kuku."

Alisimama, akafuta alama ya kiatu chake kwenye mkanda kwa kidole, kama nesi, akaondoka.

 Stellah aliinuka, akapanda juu, na nikamsikia amesimama nje ya lile duka tupu. Nilijua ni yeye kwa sababu viatu vyake havikuendelea kutembea. Aliporudi alifuta tangazo ukurasani bila kuniambia neno, ingawa kufikia wakati huo nakala zake zilikuwa zimesambaa katika simu za watu kuliko tangazo la kanisa, na kamati, ikiwa imeshaundwa, haikumtegemea tena.

Kikao kiliitishwa Jumamosi mchana kwetu Husby, baada ya zamu ya Mzee Solomon ya kufua nguo zake kwenye chumba cha kufulia cha jengo lao, ambayo haisogezwi kwa harusi wala kwa mazishi. Sebule ilijaa. Palikuwa na chupa za chai, chapati zilizofunikwa kwa taulo, na viti vya kuazima kwa jirani wa Eritrea. Stellah aliketi karibu na mlango. Arnaud na Wanjugu waliketi pamoja dirishani, na watu walijitahidi kutowatazama, kwa hiyo waliwatazama sana. Mama yangu alikuwa mezani na kalamu yake.

Baada ya maombi, Stellah alisimama.

"Nawashukuru wote. Harusi hakuna. Haikuwahi kuwepo. Arnaud ni mchumba wa Wanjugu. Naomba kamati ivunjwe."

Watu walibaki na chapati mdomoni. Mama yangu hakuandika. Alimtazama Stellah kama mtu aliyeshikishwa mtoto, kisha akanyang'anywa.

Mzee Solomon alikohoa. "Binti, tumesikia. Lakini kamati haivunjwi kwa mdomo. Lazima kuwe na sababu. Tumewahi kuvunja moja tu, na yule bwana harusi alikuwa amefungwa jela. Katibu atuandikie nini?"

"Andika kulikuwa na hitilafu," Stellah alisema.

"Hitilafu ya nini? Umeme?"

"Akaunti iliingiliwa," Arnaud alisema.

"Mwizi kaingia," Mzee Solomon alisema polepole, "akaacha pesa, akaacha majoho, akaandika wenye vinyongo wavimeze. Mwizi huyo nampenda. Yuko wapi?"

Watu walicheka. Wanjugu hakucheka. "Mimi nataka sababu ya kweli," alisema. "Ikiandikwa uongo, kesho mtaunda nyingine."

"Haki," alisema Mzee Solomon. "Basi twende kwa utaratibu. Kwanza tuliingize tangazo lenyewe kwenye kumbukumbu, ndipo tulijadili. Nitalisoma, katibu aandike." Akavaa miwani, akaisogeza simu mbali na uso, akaanza kwa sauti ya kutangaza vituo: "Kwa heshima na taadhima inatangazwa kwa wakazi wa Stockholm na vitongoji vyake, na kwa Waswahili wote popote walipo, kwamba Bi. Stellah…"

"Juu ya uso wa dunia," nikasema.

Alinitazama juu ya miwani. "Nini?"

"Popote walipo juu ya uso wa dunia. Umeruka, mzee. Bila hayo sentensi inaanguka."

Alirudi kwenye simu, akatafuta kwa kidole, akakubali kwa kichwa, akaendelea. "Wameazimia kufunga ndoa. Tarehe na ukumbi zitatangazwa…"

"Na rangi za sherehe. Kwa wakati ufaao."

Nilikuwa nimebeba sinia la vikombe. Sikuwa na simu. Sikuwa na karatasi. Nilikuwa nimesimama nyuma yake, mahali ambapo hata mwewe asingeweza kusoma. Niliyatambua hayo yote kwa pamoja, baadaye kidogo kuliko wengine waliokuwemo chumbani.

Kalamu ya Mama ilisimama.

"Wangari," alisema.

"Endelea," Wanjugu alisema kwa utulivu mkubwa. "Baada ya wakati ufaao kunakuja nini?"

Nilitazama sinia. Nikatazama mlango, ambako Stellah alikuwa ameketi, na hakusogeza miguu.

"Kamati itaundwa," nikasema.

"Haya," Mzee Solomon alisema, akavua miwani. "Weka vikombe chini, simama wima, useme. Katibu, uko tayari?"

Mama aligeuza ukurasa. Akaandika tarehe.

Niliweka vikombe chini. Bwenini nilisimamishwa mbele ya watu mara nyingi, na kila mara nilikuwa na hotuba. Niliitafuta hotuba, nikaikuta haipo.

"Tangazo niliandika mimi," nikasema. "Niliandika Jumanne kwenye treni ya kwenda Tumba, nikalipanga litoke kesho yake asubuhi. Nilitakiwa kuandika kwamba joho ni la pamba."

"Polepole," Mama alisema. "La pamba."

"Sikuwa nimeambiwa na mtu. Dada Stellah hakujua. Kaka Arnaud hakujua. Nilidhani watalifuta ndani ya saa moja na tutacheka."

"Na mimi nililiacha," Stellah alisema kutoka mlangoni. "Niliona watu wananunua, nikaliacha. Shangazi, andika na hilo." Alimwita mama yangu shangazi, kama anavyoitwa na watu wa nje, badala ya mama mdogo, na Mama aliandika bila kumsahihisha.

"Endelea," alisema Mzee Solomon.

"Kisha mtu mmoja wa Kigoma akauliza ni nani anayeandika Kiswahili hiki. Nilisoma swali lake mara nyingi. Dada Stellah aliponiuliza, nilimjibu maneno ya kukwepa. Mama aliposema amempigia mama mkubwa, ningesema hapo. Dada Wanjugu alipokuja studio, nilikuwa nyuma ya maboksi, nilisikia yote kuhusu Jumatatu. Nilijua duka linaweza kupotea. Nilijua."

"Nilijua," Mama alirudia akiandika. "Halafu?"

"Halafu sikusema."

Arnaud alikuwa anaangalia mikono yake. Wanjugu alikuwa ananiangalia mimi, si kwa hasira, bali kama anavyoangaliwa mgonjwa anayeulizwa ni wapi hasa panauma.

"Kwa nini?" aliuliza. "Hiyo ndiyo sababu ninayoitaka mimi."

Majibu mazuri yalikuwepo. Ningeweza kusema nilitaka kuwasaidia kuuza. Ningeweza kusema nilitamani dada yangu aolewe, na Mama angelia, na pengine ningepewa chapati.

"Nilitaka kuona nani atacheka," nikasema.

Kalamu ilikwenda, ikasimama.

"Na nani alicheka?" Mama aliuliza. Hakuinua kichwa.

"Hakuna."

"Niandike hakuna?"

"Ndiyo, Mama," nikasema. "Andika hakuna."